Safaya au garneti ya Umba: lipi uchague kati ya mawe yanayogeuka rangi

Bonde la Mto Umba, kaskazini mwa Mkoa wa Tanga karibu na mpaka wa Kenya, linatoa vito vya aina mbili vinavyobadilika rangi kati ya mchana na usiku: safaya na garneti. Asubuhi kivulini jiwe linaweza kuwa la kijani chenye ubluu. Ukilisogeza kwenye mshumaa linakuwa la zambarau au jekundu kabisa. Uchimbaji wa vito kule ulianza miaka ya 1960, na mpaka leo si ajabu kukuta mjini Tanga karatasi moja ya dalali imefungwa safaya na garneti pamoja. Mezani yanafanana. Kidoleni, kwa sonara na kwenye bei hayafanani hata kidogo.

Anayetaka jibu la haraka alichukue hili. Kwa pete ya kuvaliwa kila siku, nunua safaya. Kwa hereni, kidani, au jiwe la kutunzwa kwa ajili ya mgeuko wenyewe, nunua garneti, kwa sababu garneti nzuri ya Umba hugeuka kwa nguvu kuliko safaya nyingi zinazotoka hukohuko. Lakini kabla ya kuamua lolote, jiwe lipimwe kwa taa iliyo sahihi. Hapo ndipo wanunuzi wengi wanapopoteza pesa.

Mgeuko unatoka wapi

Safaya ni oksidi ya alumini iliyoganda kuwa fuwele. Inayogeuka rangi ina metali ya vanadi kidogo ndani yake, wakati mwingine na kromi. Garneti inayogeuka ni mchanganyiko wa aina mbili za garneti, pairopu na spesataiti, nayo ina vanadi na kromi. Viasili hivi humeza sehemu ya njano ya mwanga, kwenye nanomita 570 hivi, vikaacha njia mbili wazi: ya kijani na bluu, na ya nyekundu. Mwanga wa mchana una bluu nyingi, kwa hiyo jiwe huelemea huko. Moto wa mshumaa, wa koroboi au wa globu ya zamani ya nyuzi una nyekundu nyingi na bluu chache mno, na mizani inaangukia upande wa pili. Ndani ya jiwe hakuna kilichobadilika. Kilichobadilika ni mwanga unaoingia.

Pwani yetu pete ya kito ina heshima yake, na akiki imevaliwa vizazi kwa vizazi kwa imani na kwa baraka. Hilo ni la mvaaji na Mola wake. Ila muuzaji akipandisha bei kwa madai kwamba jiwe lina jini na ndiyo maana linageuka, usikubali hata shilingi moja ya nyongeza. Mgeuko una sababu inayojulikana na unapimika. Unalipia ukali wa mgeuko, uzito, usafi na ukataji.

Taa kwanza, bei baadaye

Tochi ya simu haifai. Ni LED nyeupe yenye bluu kali, kwa hiyo ukimulika jiwe usiku kwa simu unaona karibu rangi ileile ya mchana, na unaweza kuliacha jiwe zuri ukidhani halina kitu. Kosa la upande wa pili ni la hatari zaidi: muuzaji anakuonyesha jiwe chini ya taa yake ya njano tu, unaona zambarau ya kupendeza, unalipa, kesho yake mchana unakuta jiwe lina zambarau ileile. Hilo si jiwe la mgeuko, ni safaya ya zambarau ya kawaida. Lazima uone hali zote mbili kabla hujatoa pesa.

Mchana lipime kati ya saa tatu na saa tano asubuhi, kivulini lakini chini ya anga wazi. Jua la moja kwa moja linaleta mng'ao mkali unaoficha rangi. Usisimame chini ya mwembe wala kando ya ukuta uliopakwa rangi, maana majani na ukuta hurudisha rangi zao ndani ya jiwe. Hata shati jekundu ulilovaa linaingia. Tandika karatasi nyeupe, shika jiwe kwa kibano huku uso wake wa juu ukikutazama, liwe umbali wa sentimita 30 na macho. Andika rangi unayoiona kwa maneno yako, palepale. Kumbukumbu ya rangi huchanganyika haraka sana ukishaingia ndani.

Kisha ingia chumbani, funga pazia, washa mshumaa mmoja au globu ya nyuzi ya wati 40. Weka karatasi ileile na jiwe umbali wa sentimita 20 kutoka kwenye mwanga. Subiri dakika mbili mpaka macho yazoee na karatasi ianze kuonekana nyeupe tena, ndipo uandike rangi ya pili.

Linganisha maneno mawili uliyoandika. Jiwe la daraja la juu limehama kutoka familia moja ya rangi kwenda nyingine: kijani kwenda nyekundu, bluu kwenda zambarau iliyoiva. La daraja la kati limehama hatua moja, mfano bluu ya zambarau kwenda zambarau. Likitoka kahawia kwenda kahawia yenye wekundu, au kijivu kwenda kijivu cha waridi, huo ni mgeuko hafifu, na bei yake iwe ya jiwe la kawaida.

Kuna jaribio jingine zuri mno kwa jiwe lililokatwa. Kaa karibu na mlango, mwanga wa nje ukitokea kushoto na mshumaa ukiwaka kulia, jiwe likiwa katikati. Jiwe lenye mgeuko wa kweli linaonyesha rangi zote mbili kwa wakati mmoja: nyuso ndogo za upande wa mlango zinatoa cheche za kijani, za upande wa mshumaa zinawaka nyekundu, na ukilizungusha kidogo cheche zinabadilishana mahali. Katika garneti safi jambo hili linaonekana wazi hata kwa jiwe la nusu karati (karati 1 ni gramu 0.2).

Fikiria pia taa za nyumbani kwako. Kama kila chumba kina LED nyeupe ya bluu, utakaa mwaka mzima bila kuiona rangi ya pili. Tafuta globu iliyoandikwa 2700K (mwanga wa njano) na Ra 90 au zaidi (inaonyesha rangi kwa usahihi). Haifikii mshumaa, lakini inatosha kuuamsha wekundu.

Garneti: nguvu zake na udhaifu wake

Uzuri wa garneti uko kwenye mambo mawili. Kwanza ni mgeuko wenyewe. Pili, garneti haichomwi kuboreshwa rangi kama safaya, kwa hiyo rangi unayoiona ndiyo iliyotoka nayo ardhini, na huna haja ya kuhofia kwamba kuna tanuru lililoificha historia ya jiwe. Kwa mnunuzi asiye na maabara karibu, hilo lina thamani kubwa.

Ubaya wake wa kwanza ni ukubwa. Garneti safi zinazogeuka, zikishakatwa, kwa kawaida ni ndogo, nyingi chini ya karati 2. Na kubwa zaidi si lazima iwe bora: rangi ya garneti ni nzito, na jiwe linapozidi unene katikati yake huwa giza, mchana linaonekana jeusi-jeusi na mgeuko unafia ndani. Kati ya garneti ya karati 1 iliyo wazi na ya karati 3 iliyo giza, chukua ya karati 1.

Ubaya wa pili ni ugumu. Kwenye kipimo cha ugumu cha Mohs, kinachoanzia 1 hadi 10, garneti ni 7 hadi 7.5. Mchanga na vumbi la barabarani vina madini ya kwazi, ambayo ni 7. Kila unapofuta pete yenye vumbi kwa kitambaa kikavu, punje za kwazi zinasugua makali ya nyuso za jiwe. Halitapasuka, ila baada ya miaka ya kuvaliwa kila siku makali yanakuwa mviringo, mng'ao unapungua, na itabidi lirudi kwa mkataji kung'arishwa upya na kupungua uzito. Masikioni au kifuani tatizo hili karibu halipo.

Garneti pia haipendi joto la ghafla. Sonara akielekeza moto kwenye pete kabla ya kuitoa garneti, au akaizamisha kwenye maji ingali na joto, jiwe hupasuka.

Safaya: nguvu zake na udhaifu wake

Safaya ni 9 kwenye Mohs, na juu yake kwa vito vya kawaida kuna almasi peke yake. Vumbi haliigusi. Pete ya safaya inavumilia kuosha vyombo, kushika usukani na kufungua mageti miaka nenda rudi. Ndiyo hoja yake kuu, na kwa pete ya ndoa au ya uchumba inatosha kuamua jambo.

Safaya za Umba zina rangi nyingi kupita kiasi: bluu, kijani, njano, chungwa, waridi, zambarau, na nyingine zenye rangi mbili tatu katika jiwe moja. Inayogeuka kwa nguvu ni sehemu ndogo ya mzigo. Nyingi zinatoka bluu ya kijivu mchana kwenda zambarau usiku. Ni mgeuko mpole, mzuri kwa anayependa utulivu, lakini asikuuzie mtu kwa bei ya mgeuko mkali. Kijivu ndicho cha kuangalia zaidi. Weka jiwe kando ya karatasi nyeupe na ujiulize kama rangi yake ya mchana ungeipenda hata kama isingegeuka kamwe. Kama hapana, liache, kwa sababu mchana ndipo watu watakapouona mkono wako.

Tena safaya ina rangi tofauti kulingana na upande unaoitazama. Jiwe moja laweza kuwa bluu ukilitazama juu na kijani ukilitazama ubavuni. Mkataji akilielekeza vibaya, rangi duni inatokea usoni na mgeuko unapungua, hata kama malighafi ilikuwa bora. Garneti haina shida hiyo; rangi yake ni moja pande zote.

Halafu kuna suala la kuchoma. Safaya nyingi sokoni, za kutoka popote duniani, zimepitia tanuru, mara nyingi kwenye nyuzi joto 1,600 na zaidi, ili kuondoa ukungu au kubadilisha rangi. Safaya iliyochomwa ni safaya halisi, na kuivaa hakuna tatizo, mradi umeambiwa na bei imeshuka. Kilicho kibaya zaidi ni kuchomwa pamoja na berili, metali nyepesi, ili rangi ipenye kutoka nje. Mbinu hii iligundulika sokoni mwanzoni mwa miaka ya 2000, na jicho halitoshi kuibaini. Kwa jiwe la bei kubwa dai cheti cha maabara. Kwa la bei ndogo, angalia kwa lupu (kioo cha kukuza) ya 10x. Ukiona vijiwe vidogo ndani vyenye mipasuko ya duara inayong'aa kama sahani kuvizunguka, au nyuzi nyembamba zilizokatika kuwa mistari ya vinukta, joto limepita hapo. Nyuzi zikiwa nzima na makali ya vijiwe vya ndani yakiwa makali bado, ni dalili njema.

Ni lipi hasa lililo mkononi mwako?

Jaribio rahisi kuliko yote ni la sumaku. Tafuta sumaku ya neodimi, ile ndogo yenye nguvu. Hata ya diski kuu ya kompyuta iliyokufa inafaa. Jaza maji bakuli la plastiki, elesha kifuniko cha chupa ya maji, weka jiwe juu yake, na usubiri kitulie bila upepo wala feni. Leta sumaku karibu na jiwe kwa umbali wa milimita moja mbili bila kuligusa. Garneti ya aina hii ina manganisi na chuma, kwa hiyo kifuniko kitaifuata sumaku. Safaya kwa kawaida haifuati. Yenye chuma kingi yaweza kusogea kidogo sana kwa uvivu. Jaribu kwanza sumaku kwenye kifuniko kitupu, maana unyevu na vumbi la chuma hudanganya.

La pili linahitaji lenzi mbili za miwani ya jua ya polaroidi. Zipange moja juu ya nyingine, zungusha ya juu mpaka mwanga wa tochi uliopita chini uzimike. Ingiza jiwe katikati na ulizungushe duara zima. Safaya itawaka na kuzimika mara nne. Garneti itabaki giza, au itaonyesha mawingu hafifu yasiyo na mpangilio. Hapa wengi huteleza kwa kujaribu upande mmoja tu: safaya ikitazamwa kwenye mhimili wake inabaki giza vilevile kama garneti. Rudia kwa pande tatu. Na jua kwamba kioo na spineli, kito kingine, pia hubaki giza, kwa hiyo jaribio hili linaitoa safaya, halithibitishi garneti. Sumaku na polaroidi ziende pamoja.

Kupima uzito ndani ya maji ni kuzuri, ila mizani ndiyo inayowaangusha watu. Unagawa uzito wa jiwe hewani kwa uzito unaopotea likizamishwa. Safaya inatoa 4.00, garneti hizi zinakaa karibu na 3.85. Kwa jiwe la karati 5, yaani gramu 1 kamili, safaya inapoteza gramu 0.250 na garneti gramu 0.260. Tofauti ni sehemu moja ya mia ya gramu, na mizani ya dukani inayosoma mpaka 0.01 haiwezi kuamua. Tumia inayosoma 0.001, weka tone la sabuni ya maji ili mapovu yasishike kwenye jiwe, na rudia mara tatu. Chini ya karati 1 usijisumbue.

Kwa jiwe ghafi, umbo nalo linasema. Safaya ya Umba mara nyingi ni fuwele bapa yenye pande sita, na mistari midogo juu ya uso. Iliumbika pale miamba ya pegimatiti, iliyotokana na magma, ilipopenya ndani ya serpentinaiti, mwamba wenye silika kidogo, na kupoteza silika yake, na alumini iliyobaki ikaganda yenyewe. Garneti huja kama vipande visivyo na umbo au kokoto zilizosuguliwa, zikivunjika zinaacha uso uliopinda kama chupa iliyovunjika.

"Alexi" ya bei nafuu

Jiwe la tatu kwenye mazungumzo haya ni aleksandraiti, ambalo wafanyabiashara wanaliita alexi. La Tanzania linajulikana kutoka Manyara, si Umba. Ni aina ya madini ya krisoberili, ugumu wake 8.5, mgeuko wake wa kijani kwenda nyekundu ndio unaotumika kama kipimo cha mengine yote, na bei yake kwa karati iko mbali kabisa na ya garneti au safaya inayogeuka. Kama bajeti yako inakuuma ukisikia bei ya safaya, alexi halisi lisikusumbue.

Linalouzwa mitaani kama alexi kubwa, safi, la bei ya kawaida, kwa kawaida ni safaya ya kutengenezwa iliyotiwa vanadi. Njia ya kuitengeneza kwa mwali wa moto ilitangazwa na Mfaransa Auguste Verneuil mwaka 1902, na mawe yake yamejaa duniani hadi kwenye masanduku ya bibi zetu. Mchana ni bluu ya kijivu, kwenye taa ya nyuzi ni zambarau ya waridi. Kijani cha kweli hakionekani. Kwa kuwa ni safaya, itafaulu jaribio la polaroidi na la uzito, na sumaku haitaishika. Kinachoifichua ni mistari ya ndani. Mimina mafuta ya nazi masafi kwenye glasi, zamisha jiwe, weka glasi juu ya karatasi nyeupe yenye mwanga chini, na utazame kwa lupu huku ukiligeuza polepole. Mistari ya rangi ya safaya ya ardhini imenyooka na inakutana kwa kona. Ya kutengenezwa imepinda, kama mifereji ya sahani ya santuri, na pengine ina vipovu vya hewa vya duara. Jiwe lisilo na mstari, povu wala kasoro yoyote, kubwa, na la bei rahisi, lihesabu kuwa la kutengenezwa mpaka maabara iseme vingine.

Kioo chenye neodimi nacho hugeuka, ila kwa njia yake: zambarau nyepesi mchana na kwenye mshumaa, bluu kwenye taa ya mrija. Mgeuko unaotokea kwenye taa ya mrija pekee ni alama ya kioo.

Kununua ghafi au lililokatwa

Asiye mkataji anunue lililokatwa. Hesabu inajieleza: gramu 1 ya ghafi ni karati 5, na baada ya kukatwa mara nyingi unabaki na asilimia 20 hadi 35, yaani karati 1 hadi 1.75. Safaya huangukia upande wa chini, kwa sababu mkataji lazima afuate mwelekeo wa rangi na siyo umbo la jiwe. Garneti anaikata kulingana na umbo, kwa hiyo uzito mwingi zaidi unabaki. Gharama ya mkono pia inatofautiana: safaya inang'arishwa kwa unga wa almasi na inachukua muda mrefu, garneti inakubali unga wa alumina kwenye sahani ya bati na inamalizika mapema.

Sikiliza kipimo kinachotajwa. Ghafi huuzwa kwa gramu, lililokatwa kwa karati. Ukitajiwa bei ya ghafi "kwa karati", izidishe kwa 5 kabla hujalinganisha na meza ya jirani.

Jiwe lililokatwa lilaze juu ya maandishi ya gazeti, uso juu. Ukiweza kusoma herufi kupitia katikati yake, kitako kimekatwa kifupi mno na mwanga unavuja chini badala ya kurudi machoni. Dirisha hilo linaua mgeuko, kwa sababu rangi ya pili inaonekana pembezoni tu. Vito hivi vyote viwili hupinda mwanga karibu sawa, na kitako chenye pembe ya nyuzi 40 hadi 42 kinatosha kurudisha mwanga. Kulikata upya inawezekana, ila utapoteza sehemu ya uzito ulioulipia. Toa hasara hiyo kwenye bei.

Kwa sonara na nyumbani

Kwa pete ya garneti omba mzingo kamili wa dhahabu au fedha kuzunguka jiwe, usioacha ukingo wazi. Kwa safaya kucha (vishikio vya chuma) nne au sita zinatosha, na mwanga unaingia vizuri zaidi. Jiwe lolote kati ya haya mawili litolewe kabla ya kulehemu. Garneti itapasuka kwa joto. Safaya inastahimili moto lakini boraksi, unga wa sonara wa kulehemia, ikigusa uso wake huku moto umewaka, inaula uso na kuacha ngozi yenye ukungu inayohitaji kung'arishwa upya.

Zioshe kwa maji ya uvuguvugu, sabuni laini na mswaki laini, hasa nyuma ya jiwe ambako mafuta ya ngozi hukusanyika na kuzuia mwanga. Suuza vumbi kwanza, futa baadaye. Usiziweke safaya na garneti kifuko kimoja, maana safaya itaikwaruza garneti kila mkoba unapotikisika.

Karatasi za manunuzi

Kununua madini ghafi bila leseni ya uuzaji au udalali ni kosa chini ya Sheria ya Madini ya mwaka 2010, hata kama ni kijiwe kimoja cha kukatia pete. Masoko ya madini yaliyoanza kufunguliwa nchini mwaka 2019 yapo kwa ajili hiyo: jiwe linapimwa, linathaminiwa, mrabaha unalipwa, na mnunuzi mwenye leseni anaondoka na stakabadhi. Mrabaha wa vito ghafi ulipandishwa hadi asilimia 6 kwa marekebisho ya 2017, na ada ya ukaguzi ya asilimia 1 ikaongezwa, kwa hiyo bei ya chini kupita kiasi mara nyingi ni ya mtu aliyeyaruka haya yote. Kusafiri na jiwe nje ya nchi kunahitaji kibali, na kibali hakipatikani bila stakabadhi ya kwanza.

Kwa jiwe lililokatwa, risiti isiishie kwenye "kito kimoja". Iandikwe jina la jiwe, kama ni la ardhini au la kutengenezwa, uzito kwa karati mpaka nukta mbili, vipimo kwa milimita, limechomwa au halikuchomwa, rangi ya mchana na rangi ya taa ya nyuzi. Muuzaji anayekataa kuandika neno "la ardhini" baada ya kulisema kwa mdomo amekujibu. Mwenye mashaka aliyekwishanunua anaweza kulipeleka kwa wataalamu wa vito Arusha, ambako kuna Kituo cha Jemolojia Tanzania, na alipeleke likiwa nje ya pete, kwa sababu mzingo wa dhahabu unazuia upimaji wa uzito na unaficha nusu ya kitako.